Ugonjwa wa akili na dhima ya jinai: maswali ya ndugu wa wagonjwa mkoani Tanga

Maswali yafuatayo ni yale ambayo ndugu wa wagonjwa wa akili huuliza jamaa yao anapokamatwa na polisi, au wanapohofia kwamba siku moja atakamatwa. Majibu yanahusu sheria ya Tanzania Bara, na hayachukui nafasi ya wakili wala ya daktari anayemjua mgonjwa.

Je, ni kweli kwamba mgonjwa wa akili hashtakiwi?

Si kweli, ingawa kauli hiyo husikika hata kwa watu waliosoma. Sheria inaanza na dhana iliyo kinyume chake: Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, inamchukulia kila mtu kuwa alikuwa na akili timamu wakati wowote unaohusika, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Kwa hiyo mgonjwa anaweza kukamatwa, kuhojiwa, kufikishwa mahakamani na kusomewa shtaka kama mtu mwingine yeyote, na kuwa na faili kliniki hakumzuii askari kumtia pingu.

Kinachomwondolea mtu dhima, yaani kuwajibika kwa kosa, kimeelezwa katika kifungu cha 13 cha Kanuni hiyo. Kwanza lazima uwepo ugonjwa unaoathiri akili. Pili, ugonjwa huo uwe umemfikisha, wakati ule ule alipotenda tendo, katika mojawapo ya hali tatu: hakuweza kuelewa anachokifanya, au hakuweza kutambua kwamba hakupaswa kukifanya, au hakuwa na uwezo wa kujizuia asikifanye. Kifungu kinaongeza kwamba ugonjwa usioleta athari mojawapo kati ya hizo haumwondolei mtu dhima, na hapo ndipo panapowachanganya wengi.

Tuchukue mfano wa kubuni. Kijana wa Makorora ana skizofrenia, ugonjwa wa akili unaomfanya mtu asikie au aamini yasiyokuwepo, na ameacha dawa. Kwa wiki kadhaa anasikia sauti zinazomwambia kwamba jirani anamtilia sumu kwenye maji. Halali, hali chakula cha nyumbani, anazungumza peke yake. Siku moja anamkata jirani huyo kwa panga mchana kweupe, mbele ya watu, kisha anakaa barazani akingoja ashukuriwe kwa kuuokoa mtaa. Kijana mwingine, mwenye ugonjwa ule ule lakini anayetumia dawa na aliyekwisha kutulia, anachukua simu ya mteja dukani, anaizima, anakwenda kuiuza Ngamiani na kuwaambia polisi kwamba aliiokota. Daktari atawaandikia wote wawili jina moja la ugonjwa. Mahakama haitawapa jibu moja, kwa sababu wa pili alijua anachofanya, alijua ni kosa, na alijitahidi kulificha.

Sheria hii ilitoka wapi?

Kanuni ya Adhabu ilianza kutumika mwaka 1930, wakati Tanganyika ikiwa chini ya Uingereza, na wazo lake kuhusu wazimu linatokana na shauri la London la mwaka 1843. Daniel M'Naghten alimpiga risasi Edward Drummond, katibu wa Waziri Mkuu Robert Peel, akiwa na imani isiyotikisika kwamba chama kilichokuwa madarakani kilikuwa kinamwinda. Alionekana hana hatia kwa sababu ya wazimu, watu wakakasirika, na majaji wakatakiwa kuieleza sheria. Walijibu kwamba la kuangaliwa ni kama mtu alijua asili ya tendo lake, au kama alijua kwamba ni baya. Sheria yetu ina hali ya tatu ambayo majaji wale hawakuitaja, yaani kushindwa kujizuia. Kwa maoni yangu nyongeza hiyo inaujua ugonjwa vizuri zaidi, maana mgonjwa anayeamriwa na sauti anaweza kujua kabisa kwamba kuua ni kosa na bado asiwe na nguvu ya kuikataa amri.

Ikiwa alikuwa mzima siku ya tukio lakini amechanganyikiwa akiwa mahabusu, inakuwaje?

Hilo ni jambo jingine, na ni vema lisichanganywe na la kwanza. Mahakama hujiuliza juu ya nyakati mbili tofauti. Wakati wa tukio unahusu dhima. Wakati wa kesi unahusu uwezo wa mshtakiwa kufuatilia shauri lake: kama anaelewa shtaka, kama anaweza kumwelekeza wakili wake na kujibu ushahidi. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inaitaka mahakama ichunguze hali hiyo inapokuwa na sababu ya kuitilia shaka, na ikiridhika kwamba mshtakiwa hawezi kujitetea, kesi huahirishwa naye hupelekwa kutibiwa. Akipata nafuu, kesi inaweza kuendelea pale ilipoachwa. Kuahirishwa huko si kuachiwa huru, ingawa ndugu wengine husherehekea kana kwamba ndivyo.

Nani anathibitisha kwamba alikuwa mgonjwa, na vipi?

Mzigo upo kwa upande wa mshtakiwa, lakini si mzito kama ule wa upande wa mashtaka. Jamhuri hutakiwa kuthibitisha kosa pasipo kuacha shaka yoyote ya msingi, ilhali mshtakiwa anatakiwa kuonyesha tu kwamba kuna uwezekano mkubwa zaidi kuwa hakuwa timamu kuliko kuwa alikuwa timamu. Utetezi huo unapaswa kutajwa mapema, yaani pale mshtakiwa anapotakiwa kujibu shtaka, wala usingojee ushahidi uishe.

Ukishatajwa, mahakama inaweza kuagiza mshtakiwa awekwe katika hospitali ya magonjwa ya akili ili achunguzwe. Kwa kawaida mtu wa Tanga atasafirishwa hadi Dodoma, kwenye Hospitali ya Mirembe, iliyoanzishwa mwaka 1927, pamoja na taasisi yake ya Isanga, inayopokea wagonjwa wanaokabiliwa na makosa ya jinai. Sheria inampa daktari siku 42 kuandika taarifa na kuipeleka mahakamani, akieleza maoni yake kama mshtakiwa, wakati kosa lilipotendeka, alikuwa na wazimu kiasi cha kutowajibika kwa tendo lake.

Kazi hiyo ni ngumu kuliko inavyoonekana kwa nje. Daktari anamwona mtu miezi, pengine miaka, baada ya tukio. Mara nyingi amekwisha kupata dawa gerezani na kutulia, naye anaulizwa juu ya saa moja iliyopita zamani. Kwa hiyo huitegemea historia: nani alimwona wiki ile, alilala wapi, alisema nini, alikula nini, aliacha dawa lini. Historia hiyo haimo katika damu wala katika picha ya ubongo. Imo vinywani mwa ndugu na majirani, na katika daftari la kliniki kama lilitunzwa.

Tena, taarifa ya daktari haimfungi jaji. Mahakama ya Rufani imekwisha kueleza kwamba mahakama hupima ushahidi wote kwa ujumla wake, wa kitaalamu na wa kawaida, na inaweza kuyakataa maoni ya daktari ikiwa kuna sababu za msingi. Ndiyo maana mwenendo wa mtu kabla ya tukio, wakati wa tukio na baada yake hupewa uzito mkubwa: je, alikimbia, alificha silaha, alifua nguo, alitunga uongo?

Ndugu wanasema ni majini. Je, mahakama itakubali?

Mahakama haitaamua kama majini yapo au hayapo, kwa sababu sheria inauliza juu ya ugonjwa. Ukisimama kizimbani ukasema tu kwamba ndugu yako alipandwa na shetani, utakuwa hujaongeza kitu. Lakini usidhani kwamba uliyoyaona hayana thamani. Anayesema "jini lilikuwa likimwita usiku kwa jina la marehemu baba yake, naye akitoka uchi barabarani" ameeleza dalili ambayo daktari anaweza kuitambua, hata kama maelezo yao juu ya chanzo ni tofauti.

Kwa sababu hiyo, mganga aliyekaa na mgonjwa huko Pangani au Handeni kwa miezi miwili, au shehe aliyekuwa akimsomea, ni shahidi mwenye maana juu ya mwenendo aliouona kwa macho yake. Huwa nasikitika familia zinapomficha mganga kwa aibu. Kwa kufanya hivyo hupoteza shahidi pekee aliyekuwa naye siku zile, na daktari anabaki kuona pengo la miezi miwili lisilo na maelezo.

Alikuwa amelewa au amevuta bangi. Hilo si wazimu?

Ulevi wa kujitakia, wa pombe au wa dawa za kulevya, hautoshi kuwa utetezi. Sheria inaweka milango miwili myembamba: mtu awe amelewa bila ridhaa yake, kwa mfano kwa kutiliwa kitu kwenye kinywaji na mtu mwenye nia mbaya, au ulevi uwe umemtia wazimu kabisa, wa muda au wa kudumu, na katika hali zote mbili awe hakuelewa anachofanya. Pamoja na hayo, mahakama huweza kuuangalia ulevi inapotafuta kama mtu alikuwa na nia mahususi ambayo kosa fulani linaihitaji.

Kitabibu mpaka huo una utata. Mtu aliyezoea gongo kila siku akiikosa ghafla, siku ya pili hadi ya nne anaweza kutetemeka, kuona wadudu na watu wasiokuwepo, na kushambulia aliye karibu. Wakati huo hana pombe mwilini. Ana ugonjwa wa hatari unaoweza kumuua, na mahali pake ni hospitali. Bangi nayo, kwa mwenye asili ya skizofrenia, huweza kuamsha ugonjwa unaobaki hata baada ya moshi kwisha. Mahakama inahitaji daktari wa kuyatenganisha hayo.

Na kifafa?

Kifafa ni ugonjwa wa ubongo, na wagonjwa wengi wa kifafa wana akili timamu. Hata hivyo, baada ya degedege mtu anaweza kwa dakika au saa kadhaa kuwa amechanganyikiwa na kupigana na wanaomshika bila kukumbuka lolote baadaye. Hali hiyo inaweza kuingia katika kifungu cha 13 ikithibitishwa kitaalamu.

Mama aliyejifungua akimdhuru mtoto wake, sheria inamwonaje?

Kanuni ya Adhabu ina kifungu cha peke yake. Mwanamke akisababisha kifo cha mtoto wake mwenye umri chini ya miezi 12, naye akili yake ilikuwa imevurugika kwa sababu hajapona athari za kujifungua au za kunyonyesha, kosa lake si mauaji ya kukusudia, na adhabu yake ni kama ya kuua bila kukusudia. Akiwa mgonjwa zaidi ya hapo, kifungu cha 13 kinabaki wazi kwake.

Nyuma ya kifungu hicho kuna ugonjwa halisi. Takribani mama mmoja au wawili katika kila 1000 wanaojifungua hupata wazimu wa baada ya uzazi, ambao kwa kawaida huanza ndani ya wiki mbili za mwanzo: halali hata mtoto akilala, anasema maneno yasiyounganika, anaamini mtoto si wake au amebadilishwa. Mama wa namna hiyo asiachwe peke yake na mtoto, na apelekwe hospitali siku hiyo hiyo. Wakunga na makungwi wetu wa pwani wanazijua dalili hizi kwa macho, na wanaweza kuwa wa kwanza kusema.

Ndugu wafanye nini siku ya kukamatwa?

Waende kituoni wakiwa na daftari la kliniki na majina ya dawa, wamweleze mkuu wa upelelezi kwamba mtuhumiwa ni mgonjwa, na waombe aonwe na daktari mapema, kwa mfano katika Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Bombo. Maandishi ya daktari aliyemwona siku ya pili yana nguvu kuliko ya aliyemwona mwaka wa pili. Wahakikishe dawa haikatiki mahabusu. Anayechomwa kila mwezi sindano ya flufenazini, dawa ya kutuliza ugonjwa wa akili, akikosa miezi miwili anaweza kurudi nyuma kabisa. Katika mashauri ya mauaji, mshtakiwa asiye na uwezo hupewa wakili kwa gharama ya Serikali, na wakili huyo apewe historia yote bila kufichwa.

Mahakama ikisema hana hatia kwa sababu ya wazimu, anarudi nyumbani?

Harudi moja kwa moja. Mahakama hutoa uamuzi maalumu unaosema kwamba alilitenda tendo lakini hana hatia kwa sababu ya wazimu, kisha huagiza awekwe katika hospitali ya magonjwa ya akili, gereza au mahali pengine pa usalama, na taarifa hupelekwa kwa waziri mwenye dhamana ya sheria. Kukaa huko hakuna idadi ya miaka iliyotajwa kama kifungo. Kunategemea hali ya mgonjwa na usalama wa wengine. Baadhi ya wagonjwa hukaa muda mrefu kuliko ambavyo wangekaa kwa kosa dogo wangepatikana na hatia, jambo ambalo wakili mzuri hulieleza kabla utetezi huu haujachaguliwa katika shtaka la wizi au la kuharibu mali.

Anapokaribia kutoka, hospitali hutaka kujua nani atampokea, kliniki gani itampa dawa, na kama familia ya aliyeumizwa iko mtaa ule ule. Mkoa wa Tanga una bahati ya kuwa na Lutindi, katika wilaya ya Korogwe, hospitali ya kanisa milimani Usambara inayohudumia wagonjwa wa akili tangu mwanzo wa karne ya 20. Ndugu wakikataa kumpokea, kutoka kwake huwa kugumu, hata kama daktari amekwisha kusema kwamba amepona.