Amicitia: urafiki ulioendesha siasa za Roma

Barua za Marcus Tullius Cicero, wakili na mwanasiasa wa Roma ya kale, zilizotufikia, pamoja na zile alizoandikiwa na wengine, zinapita 900. Ukizisoma kwa mfululizo unakuta watu wengi mno wakiitwa marafiki: maseneta, majenerali, wakopeshaji fedha, mawakili vijana, hata watu wanaosemwa vibaya kwenye barua inayofuata. Hapo ndipo wasomaji wengi huchanganyikiwa, wakaishia kumwona Cicero kuwa mnafiki tu. Tatizo ni kwamba urafiki huo, ambao kwa Kilatini uliitwa amicitia, katika jamhuri ya Roma ulikuwa na kazi ambazo leo zimegawanywa kati ya vyama vya siasa, benki na wadhamini wa ajira.

Amicitia ni uhusiano wa hiari kati ya watu wenye hadhi, unaojulikana mbele za watu, na unaojengwa kwa fadhila inayodai fadhila. Ukinitetea mahakamani, nina deni kwako. Nitalilipa kwa kukuunga mkono katika uchaguzi, kwa kukukopesha, au kwa kumpokea mpwa wako katika jimbo nitakalopewa kulitawala. Deni hilo halikuandikwa popote, lakini lilijulikana, na aliyelisahau alijiharibia jina. Waswahili husema akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki. Mrumi wa tabaka la Cicero angekubali mara moja, kisha angekuuliza na wewe umemfaa rafiki huyo kwa lipi. Haikumaanisha kwamba mapenzi hayakuwemo. Kupendana na kufaana vilikwenda pamoja, na hakuna aliyeona aibu kuvitaja katika sentensi moja.

Kwa nini siasa nzima iliegemea hapo? Roma haikuwa na vyama vyenye wanachama na ilani. Makonsuli wawili, wakuu wa dola, walichaguliwa kila mwaka, na vyeo vilivyo chini yao vivyo hivyo, kwa hiyo kampeni haikuisha. Vyeo havikuwa na mshahara. Wakili naye hakuruhusiwa kupokea malipo kwa kumtetea mtu: sheria iliyoitwa Lex Cincia ilikataza hilo tangu mwaka 204 K.K. Mtu aliyeokolewa mahakamani alilipa kwa njia nyingine: kura, mkopo, au fungu katika wosia wake.

Cicero alihitaji mtaji huo kuliko wengi. Alizaliwa mwaka 106 K.K. huko Arpinum, mji mdogo kusini-mashariki ya Roma, na hakuna babu yake aliyewahi kuwa konsuli. Alipogombea cheo hicho mwaka 64 K.K., silaha yake ilikuwa orodha ndefu ya watu aliowatetea. Kipo kijitabu cha kampeni kinachohusishwa na mdogo wake, Quintus, kinachomwambia wazi kwamba wakati wa kuomba kura jina la rafiki hupanuka: kila anayeonyesha nia njema na kufika nyumbani kwako ahesabiwe humo. Cicero alishinda, akawa konsuli mwaka 63 K.K.

Mwaka uliofuata alinunua nyumba kwenye kilima cha Palatino, mtaa wa wakubwa, kwa sesterti (sarafu ya Kirumi) milioni 3.5. Fedha hizo hakuwa nazo. Alimwandikia Publius Sestius kwa utani kwamba madeni yamemzidi hata anatamani kujiunga na njama, kama kuna atakayemkubali. Na huyu ndiye aliyekuwa ametoka kuvunja njama ya Catilina ya kuipindua serikali! Baadaye alikopa pia kwa Julius Caesar, jenerali na mwanasiasa mwenye nguvu, sesterti 800,000 hivi. Deni hili lilimkaa rohoni kwa miaka. Mwezi Desemba mwaka 50 K.K., vita vya wenyewe kwa wenyewe vikiwa mlangoni, alimlalamikia rafiki yake Atticus kwamba fedha alizoweka kwa ajili ya gwaride lake la ushindi itabidi ziende kwa Caesar, kwa sababu haipendezi mtu kuwa mdeni wa mpinzani wake wa kisiasa. Hakusema kwamba ni kosa kukopa kwa mwanasiasa. Alichokiona kuwa kibaya ni kumpinga mtu huku fadhila yake bado iko mfukoni mwako.

Barua ndiyo iliyouweka hai uhusiano wa namna hii. Posta ya umma haikuwapo. Watumwa, wapagazi wa barua na wasafiri ndio waliozibeba, na mwaka 61 K.K. Cicero alilalamika kwamba ni wachache wanaoweza kubeba barua nzito bila kuipunguza uzito kwa kuisoma. Kwa hiyo aliyeandika alipima kila neno, hata salamu. Metellus Celer, akiwa liwali kaskazini ya Italia mwaka 62 K.K., alimwandikia Cicero barua fupi ya baridi kabisa. Alitegemea, alisema, kwamba kwa kuheshimiana kwao na kupatana kwao asingedhihakiwa akiwa mbali, wala ndugu yake asingeandamwa kwa sababu ya neno moja. Akakumbusha kwamba yeye anaongoza jeshi. Ndugu huyo, Nepos, alikuwa tribuni, yaani mtetezi wa wananchi wa kawaida, na ndiye aliyemzuia Cicero kuhutubia wananchi siku ya mwisho ya ukonsuli wake.

Jibu la Cicero ni refu mara kadhaa kuliko barua aliyojibu, na ndani yake unaiona amicitia ikipigiwa hesabu mstari kwa mstari: nilikusaidia kupata jimbo lako, nilipoona ndugu yako ananijia juu, nilimwendea mkeo na dada yenu Mucia wamsihi, yeye ndiye aliyeanza, na bado, kwa ajili yako, sitalipiza. Hakuna tusi hata moja. Mimi naiona kuwa moja ya barua za kisiasa zilizoandikwa kwa ustadi mkubwa kuliko zote, kwa sababu anakataa lawama yote bila kumpa Celer nafasi ya kuuvunja urafiki.

Sura nyingine ya mambo hayo ni barua za mapendekezo. Kitabu kizima cha 13 cha mkusanyiko uitwao Ad Familiares kimejaa barua hizo, nyingi zikiwa kavu. Ile aliyomwandikia Caesar mwaka 54 K.K. kumwombea mwanasheria kijana, Trebatius, si kavu hata kidogo. Cicero anasimulia kwamba alikuwa nyumbani akizungumza na Balbus, mtu wa karibu wa Caesar, kuhusu kijana huyo, ndipo ikaingia barua kutoka kwa Caesar mwenyewe. Mwishoni mwake Caesar alisema: yule mtu mwingine uliyemwombea nitamfanya hata mfalme wa Gallia (Ufaransa ya leo). Niletee mwingine nimpandishe. Wote wawili wakainua mikono kwa mshangao. Cicero akamkabidhi Trebatius kwa Caesar, mkono kwa mkono kama wasemavyo wenyewe.

Kijana alipofika kambini alianza kulalamika kuhusu baridi na kuchelewa kwa mali. Cicero akamwandikia mfululizo wa barua za utani na kumkaripia kwa upole: nasikia huko Britannia (Uingereza ya leo) hakuna dhahabu wala fedha, kama ni hivyo kamata gari moja la vita ukimbilie nyumbani. Trebatius alikuja kuwa mwanasheria mashuhuri aliyeombwa ushauri na Augustus, kaisari wa kwanza wa Roma. Fadhila moja iliyoandikwa vizuri ilimfikisha mbali, na anayesoma barua zile hawezi kusema Cicero hakumpenda.

Lakini kuna watu waliolipia urafiki huu bila kuwamo ndani yake. Mwaka 51 K.K. Cicero alikwenda kuwa liwali wa Kilikia, jimbo lililokuwa kusini mwa Uturuki ya leo, pamoja na kisiwa cha Kipro. Maombi ya marafiki yalimfuata. Rafiki yake kijana, Caelius, alitaka chui kwa ajili ya michezo yake huko Roma. Cicero alimjibu kwamba wawindaji wako kazini, ila chui wenyewe wanalalamika kuwa katika jimbo lake hakuna anayetegewa mitego isipokuwa wao, nao wameamua kuhamia Caria, nje ya jimbo hilo. Hilo lilikuwa jepesi. Zito lilikuwa la Salami, mji uleule wa Kipro unaotajwa katika Matendo ya Mitume. Watu wake walidaiwa mkopo wenye riba ya asilimia 48 kwa mwaka, wakati amri ya Cicero iliruhusu asilimia 12. Mdai aliyejitokeza, Scaptius, alikuwa amepewa askari wapanda farasi na liwali aliyetangulia, akawazingira madiwani wa mji ndani ya ukumbi wao mpaka watano wakafa kwa njaa. Kisha ikajulikana kwamba fedha hizo zilikuwa za Brutus, yule yule anayesifiwa kwa uadilifu, ambaye baadaye alikuwa mmoja wa waliomuua Caesar.

Cicero aliwaondoa wapanda farasi wale na kumnyima Scaptius cheo. Atticus naye akamwomba amrudishie walau hamsini, kwa ajili ya Brutus. Cicero alimkatalia, kwa maneno makali kuliko kawaida yake kwa Atticus. Hata hivyo hakuumaliza mkasa. Watu wa Salami walitaka kuweka fedha hekaluni kwa riba ya halali ili deni liishe, naye akawaomba waliache jambo kama lilivyo, akijua liwali atakayemfuata anaweza kuwa laini zaidi kwa mdai. Alifanya nusu ya haki ili asimpoteze Brutus. Hili linaniuma kila ninapolisoma, maana alijua fika nani mwenye haki, na aliandika hivyo.

Amicitia iliweza pia kuvunjwa, na Warumi walikuwa na desturi ya kumjulisha mtu rasmi kwamba urafiki umekwisha. Uvunjaji unaojulikana sana ni wa mwaka 44 K.K., baada ya Caesar kuuawa mwezi Machi. Antonius, yuleyule Antony ambaye wasomaji wengi wa Kiswahili walikutana naye katika tamthilia ya Shakespeare iliyotafsiriwa na Mwalimu Nyerere, alimwomba Cicero mwezi Aprili asipinge kurudishwa kwa Sextus Cloelius, kiongozi wa magenge aliyekuwa uhamishoni. Cicero alikubali, akaongeza kwamba amempenda Antonius siku zote na kwamba nyakati hizi hana aliye mpenzi kwake kuliko yeye. Nakala akampelekea Atticus, akimwambia kwamba ombi lile ni la aibu, kiasi kwamba mara nyingine mtu anaweza kumtamani hata Caesar arudi.

Miezi mitano baadaye Antonius aliisoma barua ile mbele ya Seneti ili kumwumbua. Katika hotuba ya pili ya zile ziitwazo Philippicae, hotuba zake za kumshambulia Antonius, ambayo hakuitamka bali aliisambaza kwa maandishi, Cicero hakuikana. Hasira yake ilikuwa kwingine: ni mtu gani mwenye adabu za watu wa heshima anayetoa hadharani barua ya rafiki kwa sababu wamekosana? Kufanya hivyo, alisema, ni kuondoa duniani mazungumzo ya marafiki walio mbalimbali. Kwake maneno matamu ya barua hayakuwa uongo wala ukweli kamili. Yalikuwa heshima inayowawezesha watu wasioelewana kuendelea kushauriana. Heshima hiyo ilipovunjwa pande zote mbili, kilichobaki ni nguvu. Cicero aliuawa tarehe 7 Desemba mwaka 43 K.K. kwa amri ya Antonius na wenzake.

Atticus, msiri wa miaka yote, hakuguswa. Yeye hakuwahi kugombea cheo, na aliwafadhili wote. Alimpa Brutus sesterti 100,000 alipokuwa anakimbia Italia, na alimsaidia Fulvia, mke wa Antonius, wakati mumewe alipotangazwa adui na marafiki wakatawanyika. Antonius aliporudi na nguvu zake alimwondoa kwenye orodha ya watu wa kuuawa.

Je, mtu angeweza kumpenda rafiki hata pale ambapo hakuna faida? Gaius Matius alijibu. Alikuwa rafiki wa Caesar, na baada ya mauaji aliomboleza waziwazi, akasimamia michezo ya kumbukumbu ya ushindi wake. Watu wakasema haipendi nchi. Cicero alimwandikia kwa staha: kama Caesar alikuwa mfalme, kuhusu wajibu wako mtu anaweza kubishana pande zote mbili, wapo watakaousifu uaminifu wako kwa marehemu, na wapo watakaosema uhuru wa nchi unatangulia uhai wa rafiki. Matius alijibu kwamba yeye hajafikia daraja hilo la hekima. Hakumfuata Caesar katika ugomvi wa wenyewe kwa wenyewe, alisema. Alimfuata rafiki, ingawa jambo lenyewe lilimchukiza, na hakupata mali wala cheo. Tena sheria ya Caesar ilimpunguzia mali yake. Michezo ilikuwa wajibu wa mtu binafsi kwa kumbukumbu ya mtu aliyempenda. Na kuhusu kwenda kwake nyumbani kwa konsuli Antonius kumsalimu, alimwambia Cicero kwamba wale wanaomshutumu kuwa haipendi nchi ndio wanaojaa mlangoni pale kila siku, wakiomba kitu au wakiondoka nacho.