Kondoo wa Nchi Kavu Naye Hufa: Dhana Potofu na Ukweli

Kila masika hapa Mombasa nasikia neno lile lile, na sasa limenifika kooni. Simu inalia kutoka Kisauni, Likoni au Miritini: kondoo wameanza kulala chini, hawataki majani, mmoja ameshakufa. Kabla sijauliza swali la kwanza naambiwa, "Lakini daktari, hawa ni kondoo wa Garissa. Hawa wamezoea shida, hawaugui." Mimi ni daktari wa mifugo, na ninayaandika haya yasomwe mapema, kabla ya kuitwa wakati mnyama ameshakata roho.

"Kondoo wa nchi kavu ni mgumu, popote umpeleke hafi"

Hii ndiyo inayoua wanyama wengi kuliko nyingine zote.

Watu huchukua ugumu kuwa sifa moja inayomfuata mnyama kila aendako. Sivyo. Kondoo wa Kisomali, yule mweupe mwenye kichwa cheusi anayeletwa kutoka Garissa, Wajir na Tana River, ni mgumu kwa mambo ya kwao: jua kali, kiu, mwendo mrefu kati ya kisima na malisho, miezi ya majani yaliyokauka. Hayo ndiyo yaliyomchuja vizazi kwa vizazi, aliyeshindwa akafa na aliyeweza akazaa. Minyoo haikumchuja kwa kiasi hicho kwa sababu kwao minyoo haistawi. Garissa hupata milimita 300 na kidogo za mvua kwa mwaka. Mombasa hupita 1,000, na Mei pekee inanyesha kuliko miezi mingi ya bara kavu ikijumlishwa.

Mnyoo ninaomzungumzia ni yule wa tumbo la nne, Haemonchus, anayefyonza damu. Jike lake hutaga mayai elfu kadhaa kila siku, nayo hutoka na kinyesi. Kinyesi kikianguka kwenye vumbi la Wajir, jua hukikausha na viluwiluwi vingi vinavyoanguliwa hufia humo. Kikianguka kwenye nyasi mbichi za Mtongwe mwezi wa Mei, ndani ya wiki moja hivi vimeshakomaa na vinapanda juu ya majani kwenye umande vikingoja kuliwa. Wiki tatu baada ya kuliwa, navyo vimekuwa minyoo inayotaga. Mnyoo mmoja hunywa takriban mililita 0.05 za damu kwa siku, na mtu husikia hapo akaona ni kitu kidogo. Lakini minyoo 2,000 si wengi kwa kondoo wa masika, na hao hunywa mililita 100 kila siku kutoka kwa mnyama wa kilo 25 ambaye damu yake yote haifiki lita mbili. Hata kama mwili unatengeneza damu mpya, hauwezi kwenda na kasi hiyo, zaidi akiwa analisha nyasi duni.

Ndiyo maana nikifika nakuta picha ile ile. Ukigeuza kope la chini, ndani pamepauka hapana wekundu. Chini ya taya pamening'inia uvimbe laini wa maji. Mwenye mifugo anadhani ni jino, au jirani ametia sumu. Wengi wananiambia hakuharisha kwa hiyo haiwezi kuwa minyoo. Mnyoo huyu haharishi! Anakausha damu tu, na kondoo mnene kabisa anaweza kufa bila kukonda.

Miaka hii mambo yamezidi kwa sababu ya kalenda. Idi ya kuchinja ya 2024 na ya 2025 zote ziliangukia Juni, na kila mwaka inarudi nyuma kwa siku kama 11, kwa hiyo malori yanashusha kondoo mjini mvua za masika zikiwa zimetanda. Mnyama ametoka kwenye ukavu, amesafiri amebanana na wenzake, mwili umechoka, na kesho yake anafunguliwa alishe kando ya mtaro. Anayechinjwa siku ya Idi haonyeshi dalili yoyote. Ni wale majike wawili watatu ambao baba mwenye nyumba ameamua kuwabakiza wazae ndio ninaoitiwa wiki chache baadaye.

Ukitaka kumbakiza, mbakize kwa akili. Mtenge na kondoo wenyeji wiki mbili au tatu. Mjengee banda la kuinuliwa, sakafu ya mbao zenye nafasi kinyesi kidondoke chini, kwani unyevu wa chini humletea pia ugonjwa wa kwato. Usimtoe malishoni kabla umande haujakauka. Na kila baada ya wiki mbili wakati wa mvua, geuza kope. Hilo nimelisema mpaka watu wananikwepa, na nitaendelea kulisema. Wenzetu wa Afrika Kusini walitengeneza kadi ya rangi iitwayo FAMACHA, yenye ngazi tano kuanzia wekundu mzuri hadi weupe wa hatari, na mtoto wa darasa la sita anaweza kufundishwa kuitumia asubuhi moja. Haina umeme, haina maabara.

"Basi nitawanywesha dawa wote kila mwezi"

Hapana. Dawa ikipita kwa wote, kila mara, minyoo inayobaki hai ni ile tu isiyosikia dawa, nayo ndiyo inayotaga. Kwenye mifugo ya Pwani hii yetu, upinzani wa minyoo ya kondoo na mbuzi dhidi ya dawa zaidi ya aina moja ulishaandikwa na watafiti tangu miaka ya 1990. Kisha mtu anakisia uzani kwa macho, anapunguza kipimo ili chupa ifike kwa wote, na ananiambia dawa ya dukani ni bandia. Wanyweshe wenye kope za ngazi ya nne na ya tano, na wale wa tatu ikiwa ni wanakondoo au majike wanaonyonyesha. Wengine waache. Na unapowanywesha, tumia kipimo cha kondoo mzito kuliko wote kundini, si cha wastani.

"Wale wekundu wa Kimaasai hawapati minyoo kabisa"

Hii iko karibu na ukweli, na ukaribu huo ndio unaowaponza watu.

Kondoo mwekundu wa Kimaasai, mwenye mkia wa mafuta, wa Kajiado hadi kaskazini mwa Tanzania, ana kinga ya kuzaliwa dhidi ya Haemonchus kuliko aina nyingi. Na huhitaji kusafiri mbali kupata ushahidi, maana sehemu kubwa ya utafiti uliomtambulisha duniani ilifanyika hapa hapa, ng'ambo ya Likoni, kwenye shamba la Diani huko Kwale. Kati ya 1991 na 1996 watafiti waliwafuga pamoja wekundu wa Kimaasai, Dorper (kondoo wa nyama aliyetoka Afrika Kusini) na machotara wao, katika unyevu wetu huu. Wekundu walitoa mayai machache ya minyoo kwenye kinyesi, damu yao ilibaki nzito zaidi, na wanakondoo wao walikufa kwa uchache mno wakilinganishwa na wa Dorper. Dorper alizaa mwanakondoo mzito, lakini mzito aliyekufa hana bei. Ukihesabu nyama iliyofika sokoni kwa kundi zima, mwekundu alimshinda kwa mbali. Kwenye maeneo yenye ukavu zaidi, tofauti hiyo ilipungua. Hapo ndipo unapoona ninachokieleza: mnyama na mahali huhesabiwa pamoja.

Lakini minyoo anaipata. Mwili wake unaizuia isizidi, haiuzuii mdomo kuila. Mwanakondoo aliyeachishwa ziwa juzi na mama aliyezaa juzi, hata wawe wekundu namna gani, kinga yao huwa chini. Geuza kope.

Na tatizo jingine: wengi wanaouzwa Pwani kwa jina la Kimaasai si wa Kimaasai halisi. Tangu katikati ya miaka ya 1970 madume ya Dorper yalisambazwa kwa wafugaji wa Kenya kwa bei ya ruzuku, bila mpango wowote wa kulinda aina ya wenyeji, mpaka leo kupata kundi lisilochanganyika ni kazi. Tulitupa kinga iliyochukua karne nyingi kujengeka ili tupate kilo chache za haraka, na inanisikitisha kila ninapoona mfugaji akimwita mwekundu wake "wa kishamba". Rangi nyekundu peke yake haikuhakikishii chochote. Uliza ukoo, tazama mama na baba ukiweza.

"Mwenye kichwa cheusi ni Dorper"

Madalali wanaitumia sana hii, na watu wanalipa bei ya Dorper kwa kondoo wa Kisomali. Dorper alitengenezwa Afrika Kusini miaka ya 1930 na 1940 kwa kupandanisha Dorset Horn wa Uingereza na kondoo wa kichwa cheusi ambao mababu zao walisafirishwa kwa meli kutoka nchi za Wasomali karne ya 19. Kichwa cheusi amekirithi kutoka kwa huyu huyu wa Garissa mnayemdharau. Ukitaka kuwatofautisha, nenda nyuma. Wa Kisomali ana mafuta yaliyojaa makalioni na kijimkia kidogo kimejikunja juu yake, mwili umesimama juu ya miguu mirefu, na mara nyingi ngozi inaning'inia shingoni. Dorper ni mfupi, mpana, mapaja yamejaa nyama hadi chini, na mkia wake hauna fungu la mafuta.

Siwakatazi Dorper. Lakini anayemtaka Pwani ajue anahitaji lishe ya kutosha na uangalizi wa minyoo usiolegea, si kumwachia ajitafutie mtaani. Na anayesema wa Kisomali hana soko aangalie bandari ya Berbera, Somaliland, ambako kondoo hao hao hupakiwa melini kwa wingi kwenda Saudia msimu wa Hija.

"Mkiani mmejaa maji, kwa hiyo hahitaji kunywa"

Ni mafuta. Ni akiba ya chakula anayoila mwili malisho yakikauka, na kuyaweka mahali pamoja kunafanya sehemu nyingine ya mwili ibaki bila tabaka nene la kuzuia joto kutoka. Ni kweli gramu moja ya mafuta ikichomwa mwilini hutoa maji kidogo zaidi ya gramu moja. Ila ili kuyachoma lazima apumue, na katika hewa kavu pumzi hiyo hutoka na maji mengi kuliko aliyoyapata. Haishi kwa mkia.

Anachokiweza kweli ni kuvumilia. Anakaa siku mbili tatu bila kunywa, mkojo wake unakuwa mzito, kinyesi kinatoka kikavu, anapunguza kula, na kondoo wa majangwani wamepimwa wakipoteza zaidi ya sehemu moja kwa tano ya uzani wao kisha wakanywa na kurudi sawa. Kuvumilia si kupenda! Akinyimwa maji ziwa hukauka na mwanakondoo hadumu. Tena jua la Mombasa lina unyevu, naye hupoza mwili zaidi kwa kuhema. Hewa ikiwa imeshajaa maji, kuhema hakumpozi sana. Mpe maji safi kila siku, na kivuli.

Wala ukubwa wa mkia si kipimo cha nyama. Weka vidole mgongoni nyuma ya ubavu wa mwisho. Ukihisi ncha za mifupa kali, amekonda, hata mkia uwe na ukubwa gani.

"Wa kienyeji hahitaji chanjo"

Sotoka ya mbuzi na kondoo ilipoingia Kenya kupitia Turkana mwaka 2006, ilifyeka mifugo ya kienyeji hiyo hiyo. Chanjo moja humkinga miaka mitatu au zaidi. Sina la kuongeza.

"Lazima anyolewe manyoya asipate joto"

Wa Kisomali ana nywele fupi, hana sufu. Mwache. Yule mwekundu naye sufu yake ni haba, na ikiwapo hujipukutikia.

"Huyu anakula chochote"

Amezoea vichaka na nyasi kavu, na tumbo lake limejipanga hivyo. Ukimmiminia sufuria ya wali wa harusini au mkate wa jana, tumbo la kwanza linachacha na kuwa asidi, na anaweza kufa siku mbili zijazo akiwa ameshiba. Makombo yaende kwa kuku, na hata hivyo chakula chenyewe cha kuku, na cha nguruwe, kisimfikie kondoo. Vyakula hivyo hutiwa madini ya shaba kwa kiwango ambacho wao wanakiweza na kondoo hakiwezi. Ini lake huyahifadhi kimya kimya kwa wiki au miezi, kisha siku moja huyamwaga yote kwenye damu kwa mpigo: macho manjano, mkojo mwekundu uliokoza, na kifo. Hata chumvi ya kulamba soma lebo yake, na muuzaji akikuambia ya ng'ombe ni sawa tu na ya kondoo, nunua duka jingine.