Filamu huru si lazima iwe filamu ya shida

Wengi huamini kwamba mtengenezaji filamu huru ni yule aliyekosa fedha, na kwamba kamera inayotikisika, mwanga wa dirishani na waigizaji wasiojulikana ni dalili za mfuko mtupu. Imani hii haikuzuka tu: filamu nyingi za aina hiyo kweli hutengenezwa kwa bajeti ndogo.

Lakini uhuru unaosemwa hapa ni wa maamuzi: nani katoa fedha, nani ana kauli ya mwisho kwenye uhariri. Mtindo ni jambo jingine. Chukua picha ndefu isiyokatwa, yaani tukio linalorekodiwa mfululizo bila kamera kusimama. Huonekana rahisi, kumbe ngumu. Mwigizaji akikosea dakika ya nne, wote hurudi mwanzo. Ufaransa, mwishoni mwa miaka ya 1950, waongozaji vijana walitoka studio wakapiga picha mitaani kwa kamera nyepesi. Ufinyu wa fedha ulichangia, ila waliupenda pia mtaa wenyewe.

Unaweza kupima mwenyewe. Linganisha filamu ya kwanza ya mwongozaji na ile aliyoitengeneza baada ya kupata fedha zaidi. Kilichobaki pengine ndicho mtindo wake. Na usizime kabla ya majina ya mwishoni (mimi nilikuwa na tabia hiyo), maana humo huandikwa nani aligharimia.