Je, wajua kwa nini mhariri wa filamu huhitaji ukimya uliorekodiwa?

Mahojiano ya filamu ya makala yanapomalizika, mrekodi sauti huomba kila mtu abaki alipo na anyamaze, kisha hurekodi, kwa sekunde 30 hadi dakika moja, sauti ya watu wasiosema chochote. Nilipoliona jambo hilo mara ya kwanza kwenye mwalo wa Kirumba, hapa Mwanza, nilidhani anajaribu mitambo. Nilipoambiwa kuwa ukimya ule hupelekwa kwa mhariri, niliona ni kupoteza muda: akitaka ukimya, si azime sauti tu?

Ndani ya kosa hilo mlikuwa na kosa kubwa zaidi, kwani niliamini kwamba mhariri huondoa sehemu mbaya tu, kama mtu anayechambua mchele. Filamu ya kuigiza huandikwa kabla ya kupigwa picha, ilhali ya makala mara nyingi hupata mpangilio wake mezani kwa mhariri. Mama muuza dagaa akizungumza saa nzima, mhariri huchukua sentensi ya mwanzoni na nusu ya nyingine ya mwishoni, akaziunga zikawa maelezo ya sekunde 20. Kiungo hufichwa kwa picha: maneno yakiendelea, mtazamaji huonyeshwa mikono ikianua dagaa. (Tangu nijue hilo, kila nionapo mikono ghafla nashuku mkato.)

Sauti haifichiki kirahisi hivyo. Nyuma ya maneno ya yule mama kuna mawimbi, injini ya mtumbwi ulio mbali na upepo unaopiga turubai. Sikio huzoea mvumo usiobadilika hata likausahau, lakini hushtuka unapokatika, kama abiria wa kivuko aliyesinzia anavyozinduka injini inapozimwa, ingawa hakuwa akiisikiliza. Sauti ikizimwa kabisa kati ya sentensi mbili, pengo husikika kama shimo. Fundi cherehani analijua tatizo hili: shati lililopauka halizibwi kwa kitambaa kipya cha rangi ileile, bali kwa kipande kilichobanduliwa kwenye mfuko wa shati lenyewe. Ukimya wa Kirumba ndio mfuko huo.

Kiraka hicho, hata hivyo, hakifai kila mahali. Ukimya wa asubuhi huenda usioane na mahojiano ya mchana, upepo wa ziwani ukishachachamaa, na siku hizi programu za kompyuta huweza kuunda mvumo kutokana na mapengo mafupi baina ya maneno. Tena ukimya huohuo humwezesha mhariri kurefusha kituo cha nusu sekunde kikawa sekunde tatu, msemaji akaonekana anatafakari mno. Wahariri hawakubaliani kama huo ni ufundi au uongo.

Siku ile Kirumba, dakika moja ya ukimya ilirekodiwa mara nne, kwa sababu muuza kahawa hakuacha kugonga vikombe vyake.