Haendi misa, basi kaacha Ukatoliki?

Hapa Bagamoyo nasikia sana watu wakisema fulani mwaka mzima haonekani misa, huyo si Mkatoliki tena, na mimi nasema hapana jamani, tunachanganya mambo. Kusali kila Jumapili ni kitu kimoja, kuamini ni kingine, na kujiona wewe ni wa Kanisa ni kingine kabisa, ndo maana mwanasosholojia Mwingereza Grace Davie mwaka 1994 aliandika kuhusu watu wa kwao wanaoamini ila kanisani hawaendi. Na ukiliuliza Kanisa lenyewe, ubatizo haufutiki, ukishabatizwa umebatizwa. Sisemi misa haina maana, Kanisa linaidai na mimi mwenyewe naipenda mno. Ila angalia kwetu, misheni ya mapadri wa Roho Mtakatifu imeanza 1868, wakaishi na watu waliokombolewa utumwani, yani kuna mtu Ukatoliki kwake ni jina alilopewa, ni makaburi ya wazee wake, misa haendi lakini akifiwa cha kwanza anaita jumuiya waje wasali rozari, na sala zote anaziitikia bila kitabu.