KDS haichagui: dhana potofu kuhusu milinganyo yenye sehemu

"Mwalimu, hii 5 si sehemu, tuiache." Maneno hayo nayasikia kwa watoto wa P.7 (darasa la saba la msingi) ninaowafundisha jioni hapa Kampala, nayasikia kwa wa S.1 (mwaka wa kwanza wa sekondari), na linaloniudhi zaidi, nayasikia kwa wazazi wanaowasaidia nyumbani. Yanatoka pale tunapozidisha mlinganyo kwa KDS, kigawe kidogo cha shirika, yaani namba ndogo kuliko zote inayogawanyika bila baki kwa kila asili (namba ya chini ya sehemu). Tuyamalize leo.

Dhana: KDS huzidisha sehemu tu, namba nzima haiguswi.

KDS huzidisha kila kilichomo kwenye mlinganyo, pande zote mbili, kiwe na asili au kisiwe nayo. Chukua swali hili: mama mmoja pale soko la Nakasero ameuza theluthi ya magunia yake ya maharage asubuhi, mchana akauza nusu ya yale aliyoanza nayo, yakabaki 5. Alianza na mangapi?

x/3 + x/2 + 5 = x

KDS ya 3 na 2 ni 6. Mtoto anaandika 2x + 3x + 5 = 6x, anapata x = 5. Haya, soma swali tena. Mama alianza na magunia 5, na yamebaki 5. Sasa kutwa nzima ameuza nini? Mwingine haigusi hata ile x ya kulia, anaandika 2x + 3x + 5 = x, na magunia yanatoka hasi.

Chanzo ni kudhani kwamba tunazidisha ili kuondoa asili. Asili kuondoka ni matokeo tu. Ukizidisha kwa 6, umeweka sokoni kina mama 6 wenye mzigo ule ule na mauzo yale yale. Wote pamoja walikuja na 6x. Asubuhi wameuza 2x, mchana 3x. Wamebakiwa na mangapi? Kila mmoja 5, jumla 30. Kwa hiyo:

2x + 3x + 30 = 6x
x = 30

Hakiki: 10 asubuhi, 15 mchana, 5 yamebaki.

Wanafunzi wangu nawalazimisha waandike "6 ×" mbele ya kila kipande kabla hawajarahisisha chochote. Wanalalamika kwamba wanamaliza nafasi. Karatasi ya hesabu ya PLE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi, yenyewe inataka njia ionyeshwe, basi andikeni!

Dhana: alama ya kutoa mbele ya sehemu inagusa namba ya kwanza tu.

Hapana. Mstari wa sehemu ni mabano. (x + 1)/2 − (x − 3)/4 = 3 inakuwa 2(x + 1) − (x − 3) = 12, na −(x − 3) ni −x + 3. Jibu ni 7. Anayeandika −x − 3 anapata 13.

Dhana: kuzidisha kwa kupishana kunafaa popote.

Kunafaa pale tu ambapo kila upande una sehemu moja basi, kama x/4 = 3/5, inayokuwa 5 × x = 4 × 3. Ukiona sehemu inajumlishwa au kutolewa na kipande kingine, rudi kwenye KDS.

Dhana: jibu likitoka sehemu, umekosea.

3x/4 = 5 inatoa x = 20/3, yaani 6⅔. Wapo wanaofuta jibu sahihi kama hilo kwa kuwa halikuwapendeza, wakaanza upya na kukosea. Kabla hujashika raba, rudisha jibu mahali pa x: 3 mara 20/3 ni 20, gawanya kwa 4, unapata 5. Liache hapo hapo.