Nguvu ya Ramani: Maana Yake Vitani na Serikalini

Hadi Machi 1902, Kisumu na Nakuru zilikuwa sehemu ya Uganda. Tarehe 1 Aprili mwaka huo, Waingereza waliumega Mkoa wa Mashariki wa Uganda wakauunganisha na Himaya ya Afrika Mashariki, ambayo baadaye iliitwa Kenya. Sababu kubwa ilikuwa reli: walitaka njia yote kutoka Mombasa hadi Ziwa Victoria iwe chini ya utawala mmoja. Hakuna aliyehama. Mvuvi wa Dunga, ufuoni mwa Kisumu, aliendelea kutupa nyavu palepale, lakini kodi yake, hakimu wake na kamishna wake walibadilika bila yeye kuulizwa neno.

Huo ndio tunaouita nguvu ya ramani: uwezo wa mtu anayechora ramani, au anayeishika, kuamua mambo ya ardhi na ya watu ambao pengine hajawahi kuwatia machoni. Ramani huonyesha mahali, ndiyo, lakini pia hutoa amri. Inasema hapa ni kwetu na pale ni kwao, huu ni msitu na lile ni shamba, askari wapite huku, ushuru ulipwe kule. Na kwa kuwa imechapishwa na kupigwa muhuri, watu huichukulia kana kwamba imekuwako tangu milima iumbwe.

Tuanze na jeshi, maana ramani nyingi za serikali zilitokana na mahitaji ya jeshi. Uingereza ilianza kupima Scotland kwa makini mwaka 1747, baada ya uasi wa 1745 kuonyesha kwamba majenerali hawakuzijua njia za milimani ndani ya nchi waliyodai kuitawala. Shirika lake la taifa la upimaji, Ordnance Survey, lilianzishwa 1791, wakati wa hofu ya uvamizi kutoka Ufaransa. Utaratibu huo ulihamia kwetu. Aliyeongoza upimaji wa kwanza wa njia ya reli kutoka Mombasa hadi Ziwa Victoria, 1891 hadi 1892, alikuwa J. R. L. Macdonald, kapteni wa kikosi cha wahandisi wa jeshi. Idara ya ujasusi ya Wizara ya Vita ya Uingereza ilikusanya michoro ya maofisa na wasafiri, ikaiunganisha kuwa ramani za Afrika Mashariki. Michoro hiyo sasa iko katika Maktaba ya Uingereza, London, na ukiitazama utaona visima, vijiji, njia za misafara na maelezo ya makabila vikiwa vimeandikwa kwa mkono pembezoni. Mambo ambayo ofisa angependa kujua kabla ya kupeleka askari.

Ofisa wa jeshi husoma nini kwenye karatasi? Kila aliyefanya Jiografia ya KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari Kenya, ameshika kipande cha ramani ya kipimo cha 1:50,000, ile ambayo sentimita mbili ni kilomita moja. Mwanafunzi huulizwa atafute mwelekeo na eneo la ziwa. Mpe ofisa ramani hiyohiyo ya upande wa mashariki wa Kisumu, ataona mambo mengine kabisa. Uwanda wa Kano una kontua (mistari ya kuonyesha kimo cha ardhi) chache zilizoachana, maana yake ni tambarare. Magari yatakwenda kasi wakati wa kiangazi na kuzama matopeni masika yakishika. Kaskazini yake kontua zimebanana hadi zinakaribia kugusana: huo ni ukingo wa milima ya Nandi, na aliye juu anaona kila kinachotembea chini. Barabara ya kwenda Kericho inavuka mto Nyando pale Ahero. Ofisa atazungushia daraja hilo duara kabla ya kitu kingine chochote, kwa sababu anayelishika anaweza kuzuia chakula, mafuta na askari wa nyongeza. Mambo hayo yote yameshaamuliwa mezani, na hakuna buti hata moja lililokanyaga Kano.

Lakini karatasi haipigani. Wanandi waliwapinga Waingereza kwa takriban miaka kumi, 1895 hadi 1905, wakaisumbua reli na waya wa simu, kwa sababu wao walizijua njia za misitu na mabonde ambazo hazikuwa kwenye mchoro wowote. Vita hivyo vilizimwa baada ya kiongozi wao, Koitalel arap Samoei, kuuawa tarehe 19 Oktoba 1905, alipokwenda kwenye mkutano ulioitwa wa amani. Kilichofuata kilikuwa kazi ya ramani sasa: Wanandi walitolewa sehemu zilizokuwa karibu na reli, wakachorewa hifadhi ya kukaa, na ardhi iliyobaki ikafunguliwa kwa walowezi. Risasi zilinyamaza, mstari umedumu zaidi ya karne.

Mpaka wetu na Tanzania ni mfano mwingine. Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani zilikubaliana juu ya mstari kutoka mdomo wa mto Umba, pwani, ukizunguka Kilimanjaro, hadi ufuo wa mashariki wa ziwa kwenye latitudo ya digrii 1 kusini. Mkataba wa 1890 ukaupitisha ziwani. Wakuria wakajikuta pande mbili, na Wajaluo vilevile. Miaka 28 baada ya mapatano yale, Septemba 1914, askari wa Ujerumani waliuvuka mstari huo wakaingia Kisii, na Waingereza wakapeleka kikosi cha KAR (King's African Rifles), jeshi lao la askari wa Kiafrika, kwa meli kutoka Kisumu hadi Kendu ili kuwafurusha. Watu wa Gusii walipigiwa vita nyumbani kwao kwa ajili ya mpaka uliochorwa Ulaya.

Siku hizi ramani ya vita imo ndani ya simu. Mfumo wa GPS anaoutegemea mwendesha boda wa Kondele, mtaa wa Kisumu, kumfikisha mteja ni wa Wizara ya Ulinzi ya Marekani. Hadi Mei 2000 Wamarekani waliivuruga kwa makusudi ishara inayotumiwa na raia, ili usahihi kamili ubaki kwa majeshi yao na washirika wao. Nao Wasovieti, mwaka 1988, walikiri kwamba kwa miaka mingi ramani walizowauzia wananchi zilikuwa zimepotoshwa: mito ikasogezwa, barabara zikapindishwa. Serikali inayowaficha watu wake ramani sahihi inatuambia waziwazi ramani ina thamani gani.

Upande wa utawala wa kiraia, nguvu hii hufanya kazi polepole, na kwa maoni yangu huumiza watu wengi zaidi kuliko ile ya vita. Angalia Nakuru. Kuanzia sheria ya ardhi ya 1902, kisha ile ya 1915 iliyowapa walowezi hati za miaka 999, maeneo makubwa ya Bonde la Ufa yalipakwa rangi ya nyanda za wazungu, na mipaka yake ikatiwa muhuri rasmi mwaka 1939. Mwafrika aliyeishi humo alihesabiwa kuwa kibarua au mvamizi, hata kama kaburi la babu yake lilikuwa palepale. Mwaka 2001 serikali huru ya Kenya ilitumia njia ileile: tangazo katika Gazeti la Serikali, pamoja na mchoro wa mipaka wenye nambari yake, vikaondoa zaidi ya hekta 35,000 za Mau Mashariki kwenye orodha ya misitu. Kulikuwa na miti iliyokuwa bado imesimama asubuhi ile. Kisheria, msitu ulikuwa umekwisha.

Kura nazo huhesabiwa kwa ramani. Kaunti 47 tulizo nazo zinafuata wilaya za sheria ya 1992, ambazo nazo zilirithi mistari ya kikoloni na ile ya tume ya mipaka ya 1962, wakati Kericho ilipotoka Nyanza ikaingia Bonde la Ufa. Ndiyo maana Maseno bado inavutaniwa na Kisumu na Vihiga, na Sondu haijatulia kati ya Kisumu na Kericho. Anayepata mji hupata ushuru wa soko lake. Ili kugeuza mpaka wa kaunti, Kifungu cha 188 cha Katiba kinataka tume huru iundwe na Bunge, kisha theluthi mbili ya wabunge na theluthi mbili ya jumbe za kaunti katika Seneti waunge mkono. Kwa maeneobunge na wadi, Kifungu cha 89 kinaipa kazi hiyo tume ya uchaguzi na mipaka, na mwananchi asiyeridhika ana siku 30 tangu uamuzi kuchapishwa kwenye Gazeti la Serikali kwenda Mahakama Kuu. Siku 30 ni chache sana. Wengi husikia habari ya mpaka mpya wakati wa kampeni, muda ukiwa umepita.

Kuna ramani moja zaidi ambayo karibu kila familia ya magharibi hukutana nayo, ile ya ofisi ya ardhi inayoonyesha nambari za mashamba. Ndugu wakigombana, mmoja huikimbilia, akarudi na nakala yenye muhuri akidai mkonge wa mpaka uliopandwa na mzee uko mahali pasipo pake. Hapa sheria imeipunguzia ramani makali, na ni vizuri watu walijue hilo. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, sehemu ya 18, inasema ramani hiyo huonyesha mipaka kwa makadirio tu, isipokuwa pale ambapo mipaka imepimwa na kuthibitishwa rasmi. Mahakama hairuhusiwi kusikiliza ugomvi wa mpaka wa aina hiyo kabla msajili wa ardhi hajauamua. Kwa hiyo mwenye malalamiko huanzia kwa msajili, naye huwaita wote wanaopakana na shamba hilo watoe ushahidi wao, kisha ndipo mpaka unaamuliwa.